Juma Ikangaa: Mfupi wa Dodoma aliyevunja rekodi ya New York

Ukitoka getini Mwadui ukakimbia mpaka Shinyanga mjini, utafika mjini na marathon bado haijaisha. Kilomita 42.195 ni zaidi ya hapo. Sasa hebu piga picha mtu anazikimbia zote, kila kilomita kwa wastani wa dakika 3 na sekunde 2 hivi, juu ya madaraja na vilima vya jiji kubwa kuliko yote Marekani, na anamaliza wa pili akiwa bado nyuma kwa zaidi ya dakika moja na nusu. Mtu mwenyewe kimo chake ni futi 5 na inchi 3 tu.

Huyo ni Juma Ikangaa. Novemba 5, 1989, mwanajeshi huyu wa Tanzania alishinda New York City Marathon kwa saa 2:08:01, ikawa rekodi mpya ya mbio hizo. Vijana wengi wa leo wanalijua jina lake kwa kulisikia tu, wengine wanalichanganya na la Filbert Bayi au la John Stephen Akhwari. Siyo mtu mmoja. Akhwari ni yule wa Mexico 1968, aliyemaliza marathon ya Olimpiki akiwa ameumia mguu. Bayi ni wa mita 1,500, rekodi ya dunia ya Christchurch mwaka 1974. Ikangaa amekuja baada yao, na kazi yake ilikuwa barabarani.

Alikotokea

Ikangaa alizaliwa Julai 19, 1957, mkoani Dodoma. Alijiunga na Jeshi la Wananchi wa Tanzania (JWTZ) na huko ndiko alikokimbilia miaka yake yote mikubwa. Magazeti ya nje yalikuwa yakimwandika "Meja Ikangaa", na cheo hicho hakikuwa jina la utani.

Hapa kuna jambo la kuelewa kuhusu riadha ya wakati ule. Mwanariadha alikuwa wa ridhaa. Hakukuwa na klabu ya kumlipa mshahara kwa sababu ya mbio. Alikuwa na mwajiri, na mwajiri ndiye aliyempa muda wa mazoezi, chakula na mahali pa kulala. Kwa Tanzania waajiri wenyewe walikuwa jeshi, polisi, magereza, reli, bandari na mashirika ya umma. Watu wa Mwadui hawahitaji kuelezwa sana habari hii, maana timu ya mpira ya mgodini nayo ilikuzwa na mgodi. Mchezaji ni mfanyakazi kwanza.

Kwenye riadha ya dunia mlango wa pesa ulianza kufunguliwa taratibu. Mwaka 1982 shirikisho la kimataifa la riadha liliruhusu wanariadha kulipwa, ila fedha ziwekwe kwenye mfuko maalumu unaosimamiwa na chama cha nchi yake. Boston Marathon, mbio kongwe iliyoanza mwaka 1897, iligoma kutoa zawadi ya fedha mpaka mwaka 1986. Kwa hiyo Ikangaa alianza kukimbia wakati wa ridhaa na akafika kileleni wakati pesa imeshaingia. Mguu mmoja huku, mwingine kule.

Brisbane: sekunde 12

Mwaka 1982 ndiyo dunia ilimjua. Kwanza alichukua medali ya dhahabu ya marathon katika mashindano ya Afrika yaliyofanyika Cairo, Misri. Halafu Oktoba akaenda Brisbane, Australia, kwenye michezo ya Jumuiya ya Madola.

Tanzania ya Brisbane ilikuwa moto kwelikweli. Kwenye mita 10,000 Gidamis Shahanga alichukua dhahabu na Zakaria Barie fedha, yaani Watanzania wawili kwa mpigo. Siku ya marathon Shahanga akarudi tena barabarani, safari hii pamoja na Ikangaa. Shahanga hakuwa mgeni wa marathon, maana alikuwa ameshinda dhahabu ya Madola kwenye mbio hizo hizo mwaka 1978, mjini Edmonton.

Wawili hao hawakusubiri mtu. Walitoka mbele mapema na kuwaacha wengine, akiwemo mwenyeji Robert de Castella, ambaye Australia nzima ilikuwa inamtegemea. De Castella alikuwa mtu mrefu, mwenye mapaja mazito kiasi kwamba wenzake walimwita Mti. Hakutaharuki. Aliacha pengo liwepo, kisha akaanza kulipunguza kidogo kidogo.

Shahanga alipochoka, Ikangaa alibaki peke yake mbele. Zikiwa zimebaki kilomita chache, Mti akamfikia. Kilichofuata bado kinazungumzwa Australia mpaka leo. De Castella anampita, Ikangaa anarudi. Anapitwa tena, anarudi tena. Mfupi na mrefu wakaenda hivyo, bega kwa kiwiko, mpaka yule mrefu alipopata nafasi ya mwisho na kuishikilia.

De Castella alimaliza kwa saa 2:09:18. Ikangaa 2:09:30. Aliyechukua shaba, Mike Gratton wa England, alikuja baada ya dakika mbili na nusu. Medali ilikuwa ya fedha, lakini waliotazama mbio ile walitoka na majina mawili vichwani, siyo moja.

Kwa nini alikuwa anakimbia mbele?

Swali hili liliulizwa kila alipopoteza. Wengine walisema hajui mbinu, angekaa nyuma ya wenzake akinge upepo, halafu achomoke mwishoni. Ni rahisi kusema ukiwa umekaa kwenye kiti.

Mtu mfupi ana faida zake kwenye marathon. Mwili mdogo hupoteza joto haraka kuliko mwili mkubwa, kwa sababu ngozi yake ni nyingi ukilinganisha na uzito wake. Pia hauna mzigo mkubwa wa kubeba kupanda vilima. Ndiyo maana wakimbiaji wengi wa mbio ndefu ni wembamba na wadogo.

Hasara inakuja kwenye mita 200 za mwisho. Pale mwenye miguu mirefu na kasi ya uwanjani ananyoosha hatua, na wewe huna cha kunyoosha. Dawa yake ni moja: hakikisha mnapofika pale, huyo mwenye kasi ameshachoka. Ikangaa alikuwa anaweka kasi kali tangu mwanzo ili kuwachosha hao wenye mbio za mwisho. Ilikuwa ni hesabu, wala siyo ushamba. Ubaya wa hesabu hiyo ni kwamba ukibaki na mtu mmoja tu ambaye hajachoka, umekwisha.

Na huyo mtu mmoja alikuwepo mara nyingi mno.

Japani ilimpenda

Mwaka 1983 alishinda Melbourne Marathon. Desemba mwaka huohuo akaenda Fukuoka, ambayo zama hizo ilikuwa kama ubingwa wa dunia usio rasmi kwa wakimbia marathon. Mwenyeji alikuwa Toshihiko Seko, bingwa wa kumalizia. Waliingia uwanjani pamoja. Seko akachomoka kwenye mzunguko wa mwisho, akamaliza kwa 2:08:52. Ikangaa 2:08:55. Sekunde tatu.

Badala ya kukata tamaa, alirudi Japani miezi miwili baadaye na kushinda Tokyo International Marathon, Februari 1984. Mwaka 1986 akaishinda Tokyo tena, safari hii kwa 2:08:10, akiwatangulia Waethiopia Belayneh Densimo na Abebe Mekonnen. Usiyapite haraka majina hayo. Densimo ndiye aliyekuja kuweka rekodi ya dunia ya marathon, 2:06:50, kule Rotterdam mwaka 1988. Mekonnen tutakutana naye tena hapa chini.

Desemba 1986 akaichukua na Fukuoka yenyewe, ile iliyomponyoka kwa sekunde tatu. Mwaka 1987 akashinda Beijing. Kwa miaka hiyo, mashabiki wa Japani walimjua Ikangaa pengine kuliko Watanzania wenyewe, maana wao walikuwa wanamwona moja kwa moja kwenye televisheni. Tanzania Bara haikuwa na kituo cha televisheni mpaka miaka ya 1990. Huku habari zake zilikuja kwa Redio Tanzania na kwa magazeti, mara nyingi siku ya pili yake.

Olimpiki haikumkubali

Hapa tusifiche. Ikangaa hakupata medali ya Olimpiki.

Los Angeles 1984 alikuwa kwenye kundi la mbele kwa sehemu kubwa ya safari, joto likiwa kali, lakini Mreno Carlos Lopes mwenye miaka 37 aliondoka na dhahabu. Ikangaa akawa wa sita. Seoul 1988 alimaliza wa saba, dhahabu ikaenda kwa Muitaliano Gelindo Bordin na fedha kwa Mkenya Douglas Wakiihuri. Barcelona 1992, akiwa na miaka 35, alimaliza mbali nyuma.

Wa sita na wa saba duniani siyo aibu. Ila kwa nchi ambayo medali zake za Olimpiki ni mbili tu, zote za fedha, za Bayi na Suleiman Nyambui kule Moscow 1980, kila mkimbiaji mzuri hubebeshwa mzigo wa taifa zima. Ikangaa aliubeba kwa miaka minane.

Boston: mara tatu, nafasi ileile

Kama kuna mahali palipomfanyia visa, ni Boston.

Aprili 18, 1988. Mpaka siku ile hakuna Mwafrika aliyewahi kushinda Boston Marathon. Ikangaa aliongoza kwa muda mrefu, akapita vilima vya Newton ambavyo vimewamaliza wengi, akaingia mjini. Nyuma yake alikuwepo Mkenya Ibrahim Hussein, ambaye mwaka mmoja kabla alikuwa Mwafrika wa kwanza kushinda New York. Kwenye mita za mwisho kabisa Hussein akampita. Saa zilisoma 2:08:43 kwa Hussein na 2:08:44 kwa Ikangaa.

Sekunde moja. Kwa kasi waliyokuwa nayo, hiyo ni kama mita tano na nusu, urefu wa gari dogo na kidogo juu yake, baada ya kilomita 42. Hussein akaandikwa kwenye historia kama Mwafrika wa kwanza kushinda Boston. Wa pili hakuandikwa popote ila kwenye orodha ya matokeo.

Ukijumlisha Brisbane, Fukuoka na Boston, Ikangaa alipoteza mbio tatu kubwa kwa jumla ya sekunde 16.

Mwaka 1989 alirudi Boston, akawa wa pili tena. Aliyemshinda ni Abebe Mekonnen, yule aliyemwacha nyuma Tokyo miaka mitatu kabla. Mwaka 1990 akarudi mara ya tatu, akatoka kwa kasi kama ya mtu aliyeamua liwalo na liwe, na safari hii bingwa wa Olimpiki, Bordin, akamkuta njiani na kumpita. 2:08:19 kwa Bordin, 2:09:52 kwa Ikangaa. Wa pili kwa mwaka wa tatu mfululizo.

Wapo wanaomcheka mtu wa pili. Lakini jaribu kutafuta wakimbiaji waliosimama jukwaani Boston miaka mitatu mfululizo, huku kila mwaka mshindi ni mwingine. Hussein, Mekonnen na Bordin walipokezana. Mfupi wa Dodoma alikuwa yuleyule.

New York, Novemba 5, 1989

Kati ya Boston ya pili na ya tatu ndipo ilipokuja siku yake.

New York siyo njia ya rekodi. Mbio zinaanzia Staten Island, zinapanda daraja refu la Verrazzano, zinapita kwenye sehemu zote tano za jiji na kuvuka madaraja mengine manne, kisha zinamalizikia ndani ya bustani ya Central Park ambako barabara inapanda na kushuka wakati miguu imeshaisha. Wanaotaka muda mzuri huenda Rotterdam, London au Chicago.

Rekodi ya njia hiyo ilikuwa 2:08:13 ya Mmarekani Alberto Salazar, tangu mwaka 1981. Wakati ule ilitangazwa kuwa muda bora kuliko yote duniani. Baadaye njia ikapimwa upya ikaonekana ilikuwa fupi kwa kama mita 150. Kwa hiyo Ikangaa alitakiwa kuvunja muda uliowekwa kwenye njia iliyopungua, yeye akiwa kwenye njia kamili.

Akafanya vilevile anavyofanya siku zote: mbele, kasi, asiyeweza abaki. Tofauti ya siku ile ni kwamba hakubaki mtu. Hakukuwa na De Castella wa kumfikia, wala Seko wa kumsubiri mzunguko wa mwisho. Alipoingia Central Park hakuwa na wa kushindana naye isipokuwa saa. Alikata utepe kwa 2:08:01. Mmarekani Ken Martin alifuata kwa 2:09:38, yaani dakika 1 na sekunde 37 nyuma.

Muda huo ndio ulibaki kuwa bora zaidi katika maisha yake ya mbio. Ulibaki pia kuwa rekodi ya New York kwa miaka 12. Miaka ya 1990 ilipita yote, Wakenya na Wamexico wakapokezana kushinda pale, hakuna aliyeigusa. Ilivunjwa mwaka 2001 na Muethiopia Tesfaye Jifar kwa 2:07:43. Leo, baada ya viatu vipya na mazoezi mapya, rekodi imeshuka hadi 2:04:58 ya Tamirat Tola, pia wa Ethiopia, ya mwaka 2023.

Baada ya viatu

Alipoacha mashindano makubwa Ikangaa hakupotea. Aliendelea kuonekana kwenye shughuli za riadha nchini, na urafiki wake na Japani ukaja kuzaa jambo. Mwaka 2017 lilianzishwa shindano la riadha la wanawake pekee, Ladies First, jijini Dar es Salaam, likiungwa mkono na shirika la maendeleo la Japani, JICA, ambalo Ikangaa ni balozi wake hapa nchini. Wasichana huletwa kutoka mikoa mbalimbali, Bara na Zanzibar. Mtu aliyejulikana Tokyo na Fukuoka miaka ya 1980 ndiye aliyegeuka kuwa daraja.

Hilo lina uzito wake, kwa sababu baada ya kizazi cha Ikangaa riadha ya Tanzania ilipoa vibaya. Kenya na Ethiopia zilijenga kambi, zikaleta mawakala na makocha, zikawa na makundi ya vijana mia wanaokimbia pamoja kila asubuhi. Sisi tuliendelea kutegemea jeshi na bahati ya mtu mmojammoja. Kila baada ya miaka kadhaa anatokea mmoja, anakimbia peke yake, halafu kimya.

Huyo mmoja kwa sasa ni Alphonce Simbu wa Singida. Naye ni mwanajeshi wa JWTZ. Naye ameionja Boston: Aprili 2025 alimaliza wa pili kwa 2:05:04, sekunde 19 nyuma ya Mkenya John Korir. Waliokumbuka miaka ya 1988 hadi 1990 walitikisa kichwa.

Miezi mitano baadaye, Septemba 15, 2025, Simbu alikuwa Tokyo, jiji ambalo Ikangaa alilishinda mara mbili, safari hii kwenye mashindano ya dunia. Mjerumani Amanal Petros alikuwa mbele yake wakiwa wanakimbilia mstari. Wote wawili waliandikiwa saa 2:09:48 na ikabidi picha iangaliwe. Simbu alikuwa ametangulia kwa sekunde 0.03, akawa Mtanzania wa kwanza kuwa bingwa wa dunia wa riadha.